Harusi ya watu 60 Uyole: shajara ya maandalizi

APRILI, MWANZONI

Mahari imeshaongelewa. Wenzetu walitoka Iringa na mshenga wao wakakaa na wazee wetu Tukuyu, ng'ombe wamekubaliwa, blanketi la bibi limeshafika (kwa baridi ya huku blanketi la bibi ndo kitu cha kwanza kuulizwa, hata ng'ombe wanasubiri). Kilichobaki ni harusi yenyewe na nimeamua niwe naandika kila hatua, maana watu wengi naongea nao wanasema wangependa kufanya kitu kidogo ila hawajui waanzie wapi, halafu mwisho wa siku wanajikuta wana kamati ya watu thelathini na ukumbi wa watu mia nne.

Tunachotaka mimi na mwenzangu ni hiki: asubuhi bomani, mchana chakula nyumbani kwa baba mdogo Uyole, hapa Mbeya, jua likianza kushuka watu wanaagana. Hakuna ukumbi, hakuna emsii, hakuna kamati, hakuna kadi za mchango. Sendofu na kichen pati pia hakuna, mama zangu wadogo watakaa na mimi jioni moja wanifunde bas. Siyo kwamba hela haipo kabisa, tumeweka milioni mbili na nusu pembeni na hiyo ndo yote, tukimaliza hatudaiwi na mtu. Nimeona rafiki zangu wa karibu wanalipa deni la mapambo huku mtoto wa kwanza anatambaa, na sitaki kuanza hivyo.

Kwa nini Uyole? Angalia ramani. Ndugu zangu wanapanda kutoka Tukuyu na Kyela, barabara yao inakutana na ile ya Iringa pale pale Uyole. Ndugu zake wanatoka Iringa kupitia Mafinga, Makambako, Igawa, Chimala, Igurusi, zaidi ya kilomita 300, na wakifika Mbeya kitu cha kwanza wanakutana nacho ni Uyole. Hakuna upande unaolazimika kukatiza foleni ya malori ya Tunduma kutafuta shughuli mjini. Baba mdogo ana uwanja mpana, ana miparachichi mitatu yenye kivuli, na alisema mwenyewe kabla hatujamuomba.

BADO APRILI, SUALA LA MICHANGO

Hapa ndo penye kazi, nitaandika kwa urefu.

Harusi ndogo haivunjwi na chakula wala nguo, inavunjwa na mchango. Ukishapokea elfu hamsini ya mtu umeshamwalika, na siyo yeye tu, mke wake yumo, na kama ni wa kikundi basi na mwenyekiti wake yumo maana atauliza mbona fulani kaitwa. Huwezi kuchukua hela ya watu mia mbili halafu ukapika kwa sitini. Kwa hiyo uamuzi wa idadi na uamuzi wa kutochangisha ni uamuzi mmoja, ukilegeza huku na kule kumelegea.

Tatizo ni mama. Mama ana daftari. Amechangia harusi za watoto wa watu tangu mimi niko shule ya msingi, kila jina limo na kiasi kimo, na anavyoona yeye zamu yake imefika. Nilivyomwambia hatuchangishi alinyamaza muda mrefu halafu akasema, "Mwanangu, hawa watu nimewabeba, unataka nife bila wao kunibeba?" Sikumjibu siku ile. Ana haki. Mchango kwetu ni akiba, mtu anaweka kwa wenzake miaka yote akijua siku yake itarudi, ukimwambia siku yake haipo ni kama umemfungia akaunti.

Mama mkubwa wa Tukuyu ndo aliyetuvusha. Alikuja, akasikiliza pande zote, akauliza ni akina nani hasa kwenye lile daftari wanaomuuma mama. Mama akataja wanawake kama tisa hivi wa kikundi chake cha vikoba, wengine wote akasema wanaweza kusubiri wakaja kunitazama nikijifungua. Mama mkubwa akasema basi hao tisa ndo wapishi. Wasiitwe kwa kadi, waitwe na mama mwenyewe nyumba kwa nyumba, waje na masufuria yao na vitenge sare, washike jiko. Anayeijua shughuli za huku anajua aliyeshika jiko la harusi amepewa heshima kubwa kuliko aliyekaa kwenye kiti cha mbele. Mama akacheka kwa mara ya kwanza tangu tuanze haya mazungumzo.

Kwa ndugu waliomo kwenye listi tumeruhusu kitu kimoja: anayetaka kuleta alete chakula. Hela hapana. Mjomba wa Kyela ameshasema mchele ni wake. Mama mkubwa ametoa mikungu ya ndizi. Upande wa Iringa wanaleta mbuzi wawili.

LISTI

Tumekaa jioni kadhaa na karatasi. Kanuni tuliyokubaliana ni kwamba anayeitwa ni aliyetulea, aliyezaliwa nasi, au atakayekuja kutuamua siku tukigombana. Hiyo ya tatu imesaidia sana, maana inaingiza wazee ambao damu yao iko mbali kidogo lakini neno lao lina uzito, na inatoa watu wa kazini wengi ambao ni wazuri ila hawatakuja kutuamua. Ishirini na tano kwake, ishirini na tano kwangu, kumi marafiki wa wote wawili. Wapishi wako nje ya hesabu.

Ambao hawamo hatujawaacha wasikie barabarani. Kwa wazee tumemtuma mtu, amekwenda amekaa amekunywa chai akaeleza kwamba watoto wanafunga ndoa bomani na chakula ni cha wachache, na kwamba tutakuja kusalimia baadaye wawili sisi. Kwa wengine nimepiga simu mwenyewe, sijatuma meseji. Meseji ya "samahani hujaalikwa" inaumiza, sauti ya mtu inapunguza. Wawili wamenuna, watatu wameshukuru waziwazi kwamba mwezi huo wamepumzika kuchanga.

MEI, BOMANI

Kwa nini bomani na siyo kanisani: mimi Moravian, yeye Mkatoliki, na hakuna kati yetu anayetaka mwenzake ahame kwa sababu ya siku moja. Baba mdogo ni mzee wa kanisa, hakufurahi, tumemwahidi suala la kubariki ndoa tutalizungumza na pande zote mbili kwa utulivu baadaye. Alikubali kwa sharti kwamba chakula kianze na sala, na sala zitakuwa mbili, moja ya kila upande.

Tumekwenda ofisi ya mkuu wa wilaya kuulizia. Utaratibu unatoka kwenye Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971: mnatoa taarifa ya kusudio la kuoana angalau siku 21 kabla ya siku yenyewe, taarifa inabandikwa ili mwenye pingamizi aseme, na siku ya kufunga mnakuwa na mashahidi wasiopungua wawili. Kwenye taarifa yanaandikwa majina yenu, umri, mnapoishi, wazazi, kama kuna aliyewahi kuoa au kuolewa, na mnaeleza ndoa ni ya mke mmoja au inaweza kuwa ya wake wengi. Hapo mwenzangu alijibu mke mmoja kabla yule mama wa ofisini hajamaliza kuuliza. Tumeambiwa tuje na vitambulisho, picha ndogo na barua ya serikali ya mtaa.

Ushauri wangu kwa anayefuata njia hii ni kwenda mapema zaidi ya hizo siku 21. Nendeni mara ya kwanza kuuliza tu, mjue karatasi gani zinatakiwa na siku gani msajili anafungisha, kabla hamjamwambia mtu tarehe. Shangazi yangu ndo shahidi wangu, wa kwake ni mjomba wake wa Kihesa, Iringa.

Kitu kingine watu hawakijui: kwa sheria hiyohiyo ndoa haiharibiki eti kwa sababu mahari haijaisha kulipwa. Sisi wazee wameelewana vizuri ila naliweka hapa maana kuna wenzangu wanaahirisha miaka na miaka wakisubiri ng'ombe wa mwisho.

JUNI, TAREHE

Tulitaka mwanzoni mwa Agosti, tumeacha. Wiki ile ni Nanenane na maonyesho ya kanda nzima yako hapa hapa Mbeya uwanja wa John Mwakangale, gesti zinajaa, maturubai na viti vya kukodi vinakuwa vimeshachukuliwa. Tumesogeza Ijumaa ya mwishoni mwa Agosti. Ijumaa kwa sababu ofisi ya serikali iko wazi, na siku ya kazi inasaidia idadi kubaki ilivyo, mtu hawezi kupita tu na rafiki zake watatu.

Agosti haina mvua, hiyo ni faida kubwa, turubai tunaweka kwa ajili ya jua. Shida yake ni upepo na vumbi mchana, na baridi jua likizama. Kwa hiyo chakula saa saba, saa kumi na moja watu wanaanza kuondoka. Uwanja utamwagiwa maji jioni ya Alhamisi na asubuhi tena.

Wajomba wa Iringa walikuwa wameahidi ulanzi, nikasikitika kidogo kuwaambia Agosti ulanzi hakuna, mianzi inagemwa kipindi cha mvua. Wamesema watautoa siku tukienda sisi kwao, masika. Badala yake kutakuwa na togwa, soda na maji.

JULAI, CHAKULA

Nimekaa na mama na yule mama wa kikundi ambaye ndo kiongozi wa jiko, na nimejifunza mengi.

Waalikwa 60, wapishi 9, vijana wa kusogeza viti, dereva wa Kosta, watoto wa majirani ambao huwezi kuwafukuza na hutaki kuwafukuza. Tunapika sahani 80. Kukiwa na ndizi na vyakula vingine, kilo moja ya mchele inatosha watu sita mpaka saba, kwa hiyo kilo 12: saba za pilau na tano za wali mweupe. Nyama ya ng'ombe kilo 20, nusu inaingia kwenye pilau na nusu kwenye ndizi. Mbuzi wa Iringa wanachomwa. Kuku wa kienyeji wanane kwa meza ya wazee. Maharage kilo sita. Chainizi, kachumbari, na maparachichi ambayo hatununui.

Sasa mchele. Wa Kyela unanukia mpaka mtaa wa pili, ila mjomba analeta wa msimu huu na mchele mpya hauvumilii maji, ukiupa maji ya kawaida unakuwa bokoboko. Kwa wali mweupe mpishi anasema sawa, atapunguza maji na atauangalia mwenyewe, unakuwa mtamu sana. Kwa pilau amekataa kabisa. Pilau inataka mchele uliokaa, punje isimame, kwa hiyo hizo kilo saba tunanunua wa Mbarali wa mwaka jana pale Mwanjelwa, na aliniambia niung'ate punje dukani: mkavu unakatika tik, mpya unabonyea. Amesema pia pilau isipikwe sufuria moja kubwa, zipikwe mbili, maana sufuria ikiwa na kina kirefu chini kunaungua na juu kunabaki kiini, na mkaa wa kupalia juu ya mfuniko uwe tayari kabla maji hayajakauka.

Maharage yanalowekwa usiku kucha, hili siyo la kujadili. Tuko kama mita 1,700 juu ya bahari, maji huku yanachemka kwenye nyuzi 94 hivi badala ya 100, ndo maana mgeni wa Dar akija kupika maharage Mbeya anamaliza mkaa wake wote na bado magumu. Majirani wanalima aina zilizotoka kituo cha utafiti hapa Uyole, Uyole Njano na Uyole 96, tumechukua ya njano maana yanaiva vizuri na mchuzi wake ni mzito.

Ndizi ni za Tukuyu, mikungu mitatu, zinamenywa asubuhi hiyohiyo na kuwekwa kwenye maji zisiwe nyeusi. Mama mkubwa hataki nyanya nyingi kwenye ndizi, anataka nyama ichemke mpaka ilainike, ndizi ziingie kwenye supu yake, na maziwa mwishoni. Mama alitaka nyanya. Nimewaachia wenyewe, nimesikia mama mkubwa ameshinda.

Togwa itaanza mapema wiki ile. Uji wa mahindi, ukishapoa kidogo unatia kimea cha ulezi. Kwa baridi ya huku inachelewa kuchacha, kwa hiyo ndoo inafungwa blanketi na kuwekwa jikoni karibu na mafiga.

JULAI, MENGINE KWA HARAKA

Nguo: gauni la kitenge chenye rangi ya maziwa na maua ya kijani, fundi wa Kabwe anashona, nitalivaa tena na tena. Yeye ana suti. Pete tumeshanunua, nyembamba. Picha anapiga binamu yangu mwenye kamera. Muziki ni spika moja ya kukodi na kwaya ya wajomba. Keki ndogo mama mkwe kaomba aioke yeye mwenyewe Iringa aje nayo, na nilimkubalia papo hapo. Kosta moja kutoka Iringa inaleta watu Alhamisi, wanalala kwa ndugu na gesti moja ya karibu ambayo tumelipa dipoziti.

AGOSTI, WIKI YA MWISHO

Taarifa ya ndoa ilibandikwa, siku zimepita, hakuna pingamizi. Tumethibitisha saa tatu asubuhi.

Mwenye turubai alipiga simu kusema ameshapewa kazi nyingine siku hiyo na dipoziti yetu atarudisha "akipata". Baba mdogo alikwenda kanisani kwao akaazima la kanisa, na viti mia vya plastiki juu. Dipoziti bado tunaifuatilia.

Watu wa Iringa wamefika jana jioni, nilisikia "kamwene! kamwene!" kuanzia getini, na bibi yangu ambaye Kihehe hakijui akawajibu kwa Kinyakyusa, "mugonile", wakakumbatiana na kuendelea hivyohivyo kila mtu na lugha yake mpaka chai ikaletwa. Mama mkwe ameshika keki mapajani njia nzima, haijapata hata ufa.

Wale wanawake tisa wameshafika na mawe ya mafiga wameyapanga. Mama yuko katikati yao.

BAADA YA SIKU YENYEWE

Tumeoana!

Bomani ilikuwa fupi kuliko nilivyowaza, msajili alituuliza kila mmoja kwa sauti kama tumekuja kwa hiari, tukajibu, tukasaini, mashahidi wakasaini, shangazi akapiga vigelegele mpaka ofisi ya pili wakachungulia. Tumetoka na cheti mkononi. Foleni ya kurudi Uyole ilikuwepo kama kawaida ila tuliondoka mapema, tukafika pilau ikiwa inapaliwa.

Sala mbili zilisaliwa, ya Moravian ndefu na ya Kikatoliki fupi, na baba mdogo alishika mkono wa mzee wa Kihesa zote mbili. Halafu watu wakala. Hakuna meza kuu, sisi wawili tulizunguka na sahani za wageni, tukakaa na kila kundi kidogo, na nimeongea na kila mtu aliyekuwepo, yaani kila mtu, nimejua shangazi yake mmoja alisoma na mama yangu mdogo shule ya Loleza. Kwenye ukumbi wa watu mia nne hilo nisingelijua.

Chakula kilitosha na kikabaki kidogo cha wapishi kubeba. Ndizi ndo ziliisha kwanza, ukipanga watu 80 wa mchanganyiko wa Tukuyu na Iringa weka mikungu minne. Wali wa Kyela ulitoka vizuri. Kachumbari ilibaki nyingi, kwa baridi watu hawaitafuti. Togwa iliisha, soda zikabaki kreti mbili na mwenye duka amezichukua.

Wazee walitupa zawadi kwa mkono, vitenge, majembe mawili mapya, na mjomba wa Iringa kasema kuna miti ya misonobari Mafinga imeandikwa jina letu. Mama alikuja na daftari lake. Alikuwa ameandika yale majina tisa upya, na mbele ya kila jina kaandika alichopika.

Hesabu imefungwa chini ya milioni mbili na nusu, imebaki laki moja na ushee ambayo ni nauli ya kwenda Iringa. Jumatatu viti vinarudi kanisani, masufuria mawili ya jirani yanatakiwa kusuguliwa masizi kwanza, na simu ya mwenye turubai nimempa baba mdogo aipige yeye. Mvua zikianza tunakwenda Kihesa kusalimia, ulanzi utakuwa umeshaanza kugemwa.